Ushindi wa Wendelin Krauter juu ya Paa

Wendelin Krauter alikuwa mpakia mizigo kwenye stesheni ya reli hapa Filadelfia, na maishani mwake hakuwahi kupigana na mtu. Ila alifanana mno na bondia mmoja mashuhuri. Mwaka 1899 mtengeneza filamu mmoja alimwona akila soseji nje ya stesheni, akamchukua papo hapo amwigize bondia huyo.

Pambano la bondia huyo likishapiganwa huko mbali, sisi wa filamu tuliliigiza juu ya paa la ghorofa, maana kamera ilitaka jua kali. Mimi nilisimama kando na gazeti lenye habari za pambano, nikisoma kwa sauti: "Raundi ya nne! Kushoto, tumbo! Kulia, kidevu! Chini!" Krauter anaanguka. Bondia yule alikuwa na mkosi, akashindwa mara tatu mfululizo, na Krauter wetu akaanguka mara tatu. Aliyemwangusha ni kinyozi, Lorcan Tighe, aliyepiga taratibu kama anayekung'uta vumbi kwenye koti.

Mke wa Krauter, Thekla, hakuambiwa lolote. Jumamosi moja akaenda na dada zake kutazama picha. Krauter alipolala chali kwenye picha, Thekla aliruka kitini.

"Wendelin! Inuka! Unapigwa na kinyozi?"

"Kaa chini, mama, huyo bingwa!" mtu akamkemea.

"Bingwa gani? Mume wangu huyo! Hata hiyo kaptula nimeishona mimi!"

Ukumbi mzima ulivunjika mbavu. Jumatatu Thekla alipanda paani, akamkabili bosi wetu, yule mtengeneza filamu.

"Safari hii ashinde yeye."

"Mama, mshindi anatoka gazetini, si kwangu."

"Basi mfanye awe huyo mshindi. Kinyozi naye aonje sakafu."

"Mimi sina neno," Lorcan akacheka. "Mgongo wangu haujaota jua siku nyingi."

Krauter akanyoa masharubu ili afanane na mshindi, tukaanza. Raundi ya sita nikasoma, "Kulia, kidevu!" Krauter akafumba macho, akarusha mkono. Ngumi ikampata Lorcan kwelikweli, akaenda chini kama gunia. Krauter akapiga magoti, akaanza kumpepea kwa taulo.

"Nisamehe, ndugu yangu! Umeumia?"

"Simama, we!" bosi akafoka. "Bingwa haombi radhi!"

Lorcan akafumbua jicho moja. "Endelea kupepea, bwana. Joto hili!"

Kamera ilikuwa imeshanasa yote. Watu walipoiona filamu, walimshangilia bingwa mwenye taulo kuliko bondia yeyote. Thekla aliitazama mara tatu wiki ile. Krauter mara moja tu, kofia usoni.

Kisha akarudi kwenye mizigo yake. Tukimwita bingwa, alikuwa akisema, "Haya, shika huko, tuinue sanduku."