Shikamoo Ndani ya Mtungi

Chuo nilichofundisha kilijengwa begani mwa Mlima Rungwe, juu ya Kinyala, mahali ambapo upepo wa mlimani hukutana na upepo wa ziwani kila siku kabla ya saa tano asubuhi. Tulisomesha mambo mawili tu, upepo na sauti, na madirisha ya madarasa yetu hayakuwa na vioo. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza alijifunza kuongoza upepo kwa mkono, kama mtu anavyoongoza ndama; mtihani wake wa mwisho ulikuwa kuuleta upepo wa Ziwa Nyasa hadi uwanjani kwetu bila kuipoteza njiani harufu yake ya mpunga. Katika miaka ya ruksa, biashara ilipofunguliwa nchini, mtihani huo uligeuka kuwa mgumu kupita kiasi. Soko la Tukuyu lilikuwa limejaa redio-kaseti, na upepo uliopitia mjini ulitufikia ukiwa umebeba nusu ya muziki wa madukani. Tuliwasamehe wengi.

Mimi nilikuwa idara ya sauti, upande wa uhifadhi. Mtu alizungumza ndani ya mtungi uliofinyangwa kando ya ziwa, tukatia humo upepo kidogo wa mlimani, tukauziba kwa nta ya nyuki. Ukifunguliwa, sauti hutoka mara moja tu. Nilitumia miaka kadhaa kupima jinsi sauti inavyochakaa mtungini, nikathibitisha kwamba haichakai yote kwa pamoja. Kwanza humpoteza mwenyewe, yaani huwezi tena kutambua ni ya nani. Jambo hilo hukamilika siku ya tatu. Siku ya nne hupoteza upole wake, au ukali wake. Maneno huondoka mwisho kabisa, baada ya miezi.

Nyumbani Ikuti elimu hiyo haikuwa na matumizi yoyote hadi masikio ya baba mkwe yalipoanza kufa. Hospitalini Makandana walitueleza kwamba kabla masika hayajaisha hatasikia kitu. Ndipo alipomwambia mama mkwe jambo ambalo naye alinifikishia jikoni, huku akimenya ndizi: kwamba anatamani kumsikia mkamwana wake, walau mara moja.

Yafaa nieleze. Kwetu Wanyakyusa, mke wa mtoto hamkaribii baba mkwe wake. Hamtazami, hapiti mbele yake, wala hazungumzi mahali atakaposikika. Hakuna aliyenilazimisha kuushika mwiko huo, na wapo wasomi wenzangu waliouacha. Mimi niliushika. Kwa miaka kumi na mmoja nilimpikia, na kila alipotoka nje nilijifunika kanga kichwani nikazungukia migombani. Naye kila alipotaka kupita karibu na jiko alikohoa kutoka mbali, makusudi, ili nipate muda wa kujiondoa bila kukimbia. Sikumbuki siku hata moja aliyosahau kukohoa. Hivyo ndivyo tulivyopendana.

Mume wangu aliona jambo hili ni jepesi. Naye alikuwa amenunua redio-kaseti. Akashauri nizungumze humo, baba asikilize. Mama mkwe aliichukua redio ile, akaigeuza, akaitazama mgongoni.

“Humu atakuwa anasema nani?”

“Yeye, mama.”

“Basi amesema yeye. Kuupitisha mdomo kwenye nyaya hakuufanyi kuwa wa jirani.”

Mume wangu alicheka, akaichukua redio yake akaenda zake. Nikamweleza mama mkwe habari za mitungi: kwamba sauti iliyompoteza mwenyewe si yangu tena, na atakayeisikia hatakuwa amenisikia mimi. Alifikiri mpaka ndizi zikaisha kumenywa, kisha akasema kwamba kwa njia ya mtungi anakubali.

Niliinama mtungini nikasema shikamoo, nikamshukuru baba mkwe kwa kukohoa kwake kote, nikaziba. Siku ya tatu ilipotimia nikaingiwa na hofu kwamba huenda imebaki chembe yangu. Nikangoja ya nne. Kwa kupenda uhakika, nikangoja na ya tano. Mama mkwe akaupeleka mtungi barazani, akaufungua karibu na sikio la mumewe, nami nikiwa migombani. Alirudi na mtungi mtupu.

“Anauliza kwa nini umemletea taarifa ya habari.”

Vipimo vilikuwa vyangu mwenyewe, na niliujua upole unaondoka siku gani. Niliulinda mwiko hadi nikamnyima mzee kile alichokiomba, na masikio yake hayakuwa yakinisubiri. Wiki ile ilibidi mama mkwe amwite mara tatu ndipo ageuke.

Nikazungumza upya katika mtungi wa pili, maneno yale yale. Asubuhi ya siku ya tatu mama mkwe alipanda mpaka chuoni, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akaketi chini ya rafu akiwa anahema, akaomba aonyeshwe mtungi wangu. Aliupakata.

“Humu sasa kumebaki nini?”

“Upole wote. Na mimi, kidogo.”

“Kidogo kiasi gani?”

Nilitafuta jibu sahihi. “Kama moshi kwenye nguo iliyokwisha kufuliwa.”

Akaufunga mtungi kwa kanga yake, akauweka mgongoni kama anayebeba mtoto. “Moshi wako anaujua,” alisema. “Amekula chakula chako miaka yote hii. Twende.”

Safari hii nilisimama nyuma ya jiko. Nilisikia nta ikibanduliwa. Halafu baba mkwe akajibu kwa sauti kubwa, kama wasemavyo watu wanaopoteza masikio:

“Marahaba, mwanangu. Marahaba.”

Mama mkwe aliniambia kwamba mzee alikataa kuuachia mtungi ule mpaka jioni.

Masika yalipoisha hakusikia tena chochote. Nilikaa na jambo hilo siku kadhaa, nikilichunguza kila upande, kwa maana mwiko ulinikataza kusikika, si kusema. Asubuhi moja nikasimama nyuma ya ukuta wa jiko, nikasema shikamoo kwa kinywa changu, kwa sauti kamili. Mama mkwe, aliyekuwa ameketi naye barazani, akamgusa goti, akamwonyesha kwa kidole upande wa jiko.

“Marahaba,” alisema baba mkwe, akauliza kama uji uko tayari.

Ulikuwa tayari.