Kesho Wanakata Stima

Baba yangu alioa wake wawili, na mmoja wao alikuwa wa chuma. Hayo ni maneno ya mama, si yangu. Mama alitoka Merikit, kule Tororo, akaolewa Lunyo na mwanamume aliyerudi nyumbani mara moja moja, akinuka moshi, akala, akalala, kisha akaondoka tena kwenda kutia moto kwenye meli ya mizigo ya ziwani. "Mke mwenza amekupa ruhusa leo?" mama alimuuliza akiwa amesimama mlangoni na mwiko mkononi. Baba alicheka kwa aibu, akapitia ubavuni mwake kuingia ndani.

Meli yenyewe tuliiita stima, basi. Iliendeshwa kwa mvuke, ikabeba pamba na ngozi kutoka kwetu, ikarudi na chumvi, sabuni na mabati. Ubavuni ilikuwa na jina, lakini jina hilo lilibadilika kila ilipopata tajiri mpya, mabaharia nao wakachoka kujifunza. Mwanzoni ilikuwa mali ya reli. Nchi zetu zilipokosana na kugawana vitu, ikaangukia upande wa Kenya, na baba, mtu wa Uganda, akabaki ndani yake kwa sababu hakuna aliyekumbuka kumfukuza. Baadaye akaja mfanyabiashara wa pamba, akaipaka rangi ya kijani na kuipa jina la mama yake mzazi. Akafuata mwingine, wa samaki, akaufuta ule ukijani na yule mama pamoja.

Baba hakuwapima matajiri hawa kwa maneno yao. Aliwapima kwa chakula walichoilisha stima. Reli iliilisha makaa ya mawe, na miaka hiyo baba aliitaja kwa sauti ya mtu aliyeshiba. Wa pamba aliilisha maganda ya mbegu za pamba, ambayo huwaka upesi na kwisha upesi. Ukitia beleshi moja, tanuri linadai la pili kabla hujajifuta jasho. Wa samaki alileta magogo ya mkaratusi kutoka Masaba, mabichi kabisa, watia moto wakashinda wakilia kama watu wa msibani. Nilipokuwa mdogo nilidhani kila mtu hubadilisha tajiri namna ile, akiwa amekaa palepale, bila kuulizwa.

Tajiri wa samaki naye alishindwa. Aliitia nanga karibu na Port Victoria, akaifanya ghala, kisha hata ughala ukamshinda. Tope likaishika, magugumaji yakaizingira, na baba akarudi Lunyo kupanda mihogo. Watu walimwambia stima imekufa. Hakuna neno lililomkasirisha zaidi ya hilo. "Hajakufa," alisema. "Iko anangoja tajiri." Lakini mimi, binti yake mkubwa, alinivuta kando akaniambia jambo alilotaka kweli. "Siku watakata yeye vipande, mtu aje aniite. Mimi nataka kuwa pale." Kwetu, ukikosa mazishi ya mtu uliyeishi naye, utaelezwa sababu yako na watu wengine hadi ufe. Baba hakuogopa maneno ya watu. Aliogopa stima iondoke bila mtu wake hata mmoja.

Mimi ni fundi cherehani, nina kibanda upande wa Kenya, Busia, na cherehani yangu ni ya umeme. Mwaka huo baba alikuja kukaa kwangu kwa sababu ya kifua. Asubuhi alikunywa dawa, mchana alikaa kwenye kochi na kukosoa namna ninavyopinda pindo. Alasiri moja, jirani yangu anayeuza soda baridi akapaza sauti kutoka kibandani kwake.

"Fundi! Kesho wanakata stima! Asubuhi mpaka jioni! Wametangaza kwa redio!"

"Ai, na nina nguo za harusi!" nikamjibu.

Nilipogeuka, baba alikuwa amesimama, anatafuta viatu.

Ilinichukua muda kuelewa, na nilipoelewa nilicheka mpaka nikashika meza. Upande wetu wa Kenya stima ni umeme. Baba, huko Lunyo, umeme anauita masanyalaze, na stima kwake duniani ilikuwa moja tu.

"Baba, ni masanyalaze. Wanakata masanyalaze."

"Masanyalaze ni masanyalaze. Stima ni stima," akasema. "Kesho wanakata yeye, na wewe unalia nguo ya harusi?"

Nilimweleza. Nikamwita jirani, naye akamweleza. Baba akamsikiliza kwa heshima zote, akamshukuru, kisha akaniambia kwa sauti ya chini kwamba yule mama ni mtu mzuri lakini ananisaidia kumficha ukweli. Nikakasirika. Nina ulimi mkali, mama alinirithisha, na nilimwambia kwamba kifua chake hakiwezi safari, kwamba lile ni gofu la chuma tu na mimi nina wateja. Akakaa. Machozi yakamtoka kimya kimya, akayaacha tu, na mimi nikaona vibaya sana. Na kesho stima haingekuwepo, cherehani ingelala. Sikuwa na kazi ya kusingizia.

Asubuhi yake tukaenda na gari la jirani, Probox, kupitia Funyula. Njiani nilijipangia maneno ya kumtuliza: tutafika, utamwona, utafurahi, tutarudi, nitakaanga samaki. Tulipofika ufukweni, maneno yakaniishia. Kando ya stima kulikuwa na mitungi ya gesi imepangwa, na vijana waliovaa ovaroli wakiburuta mipira ya kukatia chuma juu ya tope.

Aliyeinunua alikuwa kijana wa vyuma chakavu, mtaratibu, amefunga simu kiunoni. Akamsalimu baba kwa mikono miwili.

"Tunaanza Jumatatu, mzee. Nani amewaambia?"

"Wametangaza kwa redio," baba akasema, wala hakunitazama.

Akamweleza yule kijana alikuwa nani kwenye meli hii, kwa maneno machache, kisha akaomba kutia moto mara moja.

"Lakini boila haina maji, mzee. Haitaenda popote."

"Najua. Mimi sitaki aende. Nataka apate joto kidogo."

Kijana akanitazama mimi, kana kwamba mimi ndiye mwenye mamlaka. Nikaitikia kwa kichwa, nikiwa na hofu ya kifua kile. Vijana wakamshika baba mikono, wakampandisha, mimi nikafuata nikishikilia koti lake. Huko chini, tulikoshuka hadi penye tanuri, kulikuwa na kutu na kinyesi cha popo. Baba hakukunja pua. Akaagiza mbao za makasha, magugumaji makavu na magunzi, akavipanga mwenyewe taratibu, akipumzika, akikohoa, akinikemea nisimharakishe. Alipowasha, moshi ulirudi kwanza usoni mwetu. Kisha ukakumbuka njia, ukapanda.

Tulipotoka nje, dohani lilikuwa linafuka, na ufuko mzima ulikuwa umesimama. Waliokuwa wakianika omena, wale dagaa wa ziwani, walisimama na nyungo mikononi. Hapo nikamwona bibi mmoja akija kutoka sokoni, mwendo wa haraka kuliko umri wake, gunia kichwani, huku akipunga mkono asije akaachwa.

"Inaondoka saa ngapi?" akauliza akihema.

Hakuna aliyecheka. Baba alikuwa mweusi kwa masizi hadi nyusi. Nilimjua, na nilitarajia jibu lake la miaka yote, kwamba iko anangoja. Akageuka, akautazama moshi, akamgeukia bibi.

"Leo haendi, mama," akasema. "Amefika."

Bibi akamtazama, akaitazama mitungi ya gesi, akaelewa. Akatua gunia, akalikalia palepale kwenye tope, akavua kitambaa chake cha kichwa kama mfiwa. Baba akakaa kando yake, na mimi nikalia mbele ya wageni bila haya.