Mkata Kwaheri

Sisi wahudumu wa makao ya wazee hapa mjini Fridley, ughaibuni, humwita mkazi wetu mmoja Mzee tu. Ujana wake wote aliandika filamu, za Kifaransa kwanza, kisha za Kijerumani, na mpaka leo ukimsimulia jambo likarefuka, huinua vidole viwili na kuvibana kama mkasi. Mikono humtetemeka akishika kijiko, lakini vidole hivyo havitetemeki. Kerubo, mwenzangu wa shifti, anasema ni dharau. Mimi naona ni mazoea. Nilipomwanzia habari za mama yangu aliyelazwa kule Kisii, kabla hadithi haijafika wodini alikuwa ameshakata.

Kinachomkera zaidi ni kuagana. Jioni hukaa dirishani akitutazama mimi na Kerubo tukisindikizana hadi kwenye magari, tukiagana, tukikumbuka jambo, tukianza upya huku injini zinanguruma. "Kwenye filamu zangu," aliniambia, "mtu akishika kitasa cha mlango, nakata onyesho. Paris walinisifia hilo, na Berlin pia."

Ijumaa ilikuwa shifti yangu ya mwisho, maana nimepata kazi mji wa Shakopee, karibu na ninapoishi. Nilimuaga kwa ufupi, anavyopenda, nikashika kitasa. Vidole vyake havikuinuka. Nikasikia magurudumu ya kigari chake cha kuegemea yakinifuata koridoni, yakaingia lifti nami, yakatoka mpaka kwenye theluji, naye amevaa slipa. Nilikuwa nimeshawasha gari alipogonga kioo. Nikakishusha.

"Na mama yako," alisema, "ikawaje?"

Nikazima injini.