Doa la Mwenye Nyumba

Kinyozi yule walimwita Wembe, na si kwa kazi yake. Ni kwa mdomo. Alipohamia chumba cha ng'ambo ya barabara, mwenye nyumba wa zamani alikataa kumrudishia amana ya pango. Eti ukuta umeharibika. Na kweli, juu ya benchi la wateja palikuwa na madoa ya mafuta yamejipanga kama picha za ukoo, kila doa na kichwa chake. Wembe akaenda mahakamani, akashindwa, akakata rufaa.

Basi akawa mtu mwingine. Ukiomba kupunguzwa pembeni unapewa kwanza habari za rufaa, mkasi umening'inia hewani. Mkewe alisema yeye sasa ni mke mwenza wa faili.

Hoja ya Wembe ilikuwa kwamba madoa yale ni uchakavu wa kawaida, yameletwa na wateja wa kila siku. Ili kuithibitisha, akaomba ruhusa ya kuleta mashahidi wapya, akampa karani wa mahakama majina ya wote waliozoea kukaa benchini. Hapo ndipo alipojikata mwenyewe.

Maana mwalimu, asubuhi zote alizokaa benchini, alikuwa amemdanganya mkuu wa shule kwamba yuko kliniki. Dereva alikuwa amemwambia bosi kuna foleni. Shemeji yake Wembe alikuwa anatafuta kazi, tena kwa bidii. Nani angeapa mbele ya jaji kwamba doa lile ni la kichwa chake? Benchi jipya likakimbiwa kama lina kunguni. Hata karani aliacha kuja. Naye alikuwa na doa lake, karibu na dirisha.

Wembe akabaki kunoa nyembe zisizo na kidevu.

"Baba watoto," mkewe akamuuliza, "amana ukiipata utamnyoa nani? Mimi?"

Kesho yake akaenda kuondoa rufaa. Karani, ambaye kwa kawaida muhuri humpotea hadi baada ya chakula, safari hii alikuwa nao mkononi kabla mgeni hajakaa.

"Sababu ya kuondoa?" akauliza kwa sauti ya serikali.

"Andika tumepatana."

"Na nani?"

"Na wewe."

Karani akagonga muhuri bila kuinua macho.

Alasiri hiyo benchi lilijaa. Wa kwanza kufika alikuwa mwenye nyumba yule yule, nywele zimemfunika masikio, analalamika kwamba vinyozi wengine hawakijui kichwa chake. Wembe alikijua vizuri. Doa kubwa kuliko yote, lile la pembeni, lilikuwa lake, na Wembe alikuwa amelitunza kama karata ya mwisho.

Mzee akakaa pembeni, akashusha pumzi.

"Hapa napo umelipa amana?"

"Nimelipa, mzee."

"Basi chunga ukuta," akasema, akajiegemeza.

Wembe alifungua mdomo. Akalitazama benchi lilivyojaa, akaufunga, akachukua kitana.