Nilifuta Magemu, Mama Akafunga Mkoba

Wapendwa, niambieni kama mmewahi kuona jambo hili.

Mama yangu na mume wangu walinuniana siku nne mfululizo.

Mtasema, sasa hapo ajabu iko wapi? Mkwe na mama mkwe kununiana ni habari ya kila mtaa.

Ajabu ni kwamba watu hawa wawili hawajawahi kusemeshana hata siku moja. Miaka kumi na mitatu tangu niolewe hawajapeana mkono wala kukaa meza moja. Mume wangu ukimwonyesha picha ya mama yangu katikati ya wanawake watano, sidhani kama atamtambua.

Sasa watu wasiosemeshana walianzaje kununiana?

Kaeni niwaeleze. Mkimaliza kusoma mnitukane taratibu, maana mwenye makosa ni mimi.

Naitwa Janepher. Mimi ni Mgisu wa Mbale, hapa Uganda, nimeolewa Jinja, tunakaa mtaa wa Mafubira. Nashona gomesi, yale magauni ya heshima ya mabega yaliyosimama, kwenye veranda ya duka la vitambaa mjini. Mume wangu Lawrence ni Mwacholi, ni askari magereza, na kila mtu anamwita Afande. Hata mimi namwita hivyo nikiwa nataka kitu.

Yeye Kigisu hajui. Mimi Kiacholi changu kinaishia kwenye salamu. Kwa hiyo nyumba yetu inaendeshwa kwa Kiswahili, chake cha kambini na changu cha sokoni.

Sasa, kwetu Bugisu mwanamume na mama mkwe wake hawaangaliani. Ni heshima, si chuki. Mama mkwe akija huku, wewe unapita kule.

Nilipomweleza Lawrence hayo siku za uchumba, nilitegemea acheke. Hakucheka.

"Amri ni amri," akasema, na tangu siku hiyo hajaivunja.

Mwaka huu mama akaja kwangu kutoka Namakwekwe, kule Mbale, kutibiwa macho. Alikuwa na mtoto wa jicho, tena macho yote mawili. Jicho la kwanza lilipasuliwa likapona vizuri kabisa. La pili likapangiwa Ijumaa, wiki tatu baadaye.

Daktari alituambia bila kuzunguka. Hilo la pili limeiva, likiachwa tu linapotea moja kwa moja.

Basi tukaishi kwa utaratibu. Mama yuko chumba cha ndani, mlangoni pazia. Akitaka kutoka anakohoa, na Lawrence anatoka mbio kwa mlango wa nyuma. Lawrence akirudi kutoka kazini anapiga buti chini mara mbili, na mama anaingia nyuma ya pazia.

"Mwambie mama yako nimemsalimia," Lawrence anasema kwa sauti ya gwaride.

"Mwambie mtu wako nimeitikia," mama anajibu kabla sijafungua mdomo.

Mimi katikati, mkalimani asiye na kazi.

Lakini walipendana, kwa namna yao. Mama akipika malewa, yale machipukizi ya mianzi, kwa karanga, bakuli kubwa kuliko yote ni la "mtu wako". Lawrence akipita sokoni analeta ndizi bogoya, anaitundika kwenye msumari karibu na pazia. Nilikuwa najisifu kwa majirani kwamba nyumba yangu ina amani kuliko kanisa.

Ndipo ikafika Jumapili ile.

Mwenye duka ninaposhonea ni mama mmoja Mhindi, Malti. Alikuwa ameniambia, "Janepher, nitumie video za gomesi zako. Wateja wa Kampala picha hawataki, wanataka kuona nguo inageuka."

Simu yangu ni ile ya tochi. Nikachukua tableti ya Lawrence. Aliinunua kwa mtu, imetumika, na siku zote inakaa juu ya kabati sebuleni ikila chaji.

Nikavaa gomesi ya kwanza, nikabonyeza kurekodi, nikageuka kidogo tu. Ikakata.

Nafasi imejaa.

Nafasi imejaa na nini? Sisi hatuna hata picha za harusi humo! Nikaingia ndani nichungulie nani anakula nafasi.

Weee! Magemu, jamani. Gemu la pikipiki. Gemu la kupanga peremende. Gemu la kupigana risasi. Gemu la shamba, kuku wanalalamika hawajalishwa tangu mwaka juzi. Mpira, ludo, drafti, na mengine sikuelewa hata ni ya nini. Yalikuwa kumi na moja.

Nikasema hizi ni takataka za mwenye tableti wa zamani. Mume wangu mtu mzima, ana cheo, atacheza na kuku?

Nikafuta moja baada ya jingine, kwa raha kabisa, kama mtu anayechambua kunde. Kila nikibonyeza, tableti inaniuliza: una uhakika?

"Ninao!" naijibu kwa sauti.

Nafasi ikapatikana tele. Nikarekodi video sita, nikamtumia Malti, nikarudisha tableti kabatini. Sikuigusa tena.

Jumatatu asubuhi mama alipita sebuleni bila kukohoa.

Bila kukohoa! Lawrence alikuwa kwenye kochi na fulana ya ndani, anakunywa chai. Alivyosikia hatua alijifunika taulo kichwani, akakimbia na kikombe, chai yote ikaishia kwenye zulia langu.

"Mama, vipi leo?"

"Vipi nini? Koo langu limechoka."

Jumanne Lawrence akaleta bogoya. Hakuitundika. Alisimama karibu na pazia, akaimenya polepole, akaila yeye mwenyewe, tena kwa kelele za makusudi.

Hakusalimia. Mama hakuitikia. Jikoni bakuli kubwa halikuwepo.

Nikamfuata mama ndani.

"Mama, mtu wangu amekukosea nini?"

"Muulize mwenyewe."

Nikamfuata Lawrence uani.

"Afande, mama amekukosea nini?"

"Wewe muulize yeye."

"Basi kula chakula."

"Mimi nimeshiba."

"Umekula wapi?"

"Hewa," akasema, akaenda kupiga buti rangi.

Mwenzangu, nilichunguza kila kitu. Niliuliza jirani yetu Mastula kama amesikia maneno. Nilichungulia sahani, sabuni, ndoo za maji. Nilifika mpaka kumshuku fundi bomba aliyekuja wiki iliyopita. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako, na mimi fundi nguo mzima sikujipekua.

Jumatano jioni nikamkuta mama anakunja leso zake.

"Unafanya nini?"

"Nafunga mkoba. Kesho naenda zangu Mbale."

Nikaishika leso aliyokuwa anaikunja.

"Na jicho? Keshokutwa ni Ijumaa, mama!"

"Jicho nitakwenda nalo."

Nilimbembeleza usiku na asubuhi. Nilimkumbusha maneno ya daktari. Nilimwambia nafasi ile tumeingoja wiki tatu, akiiacha hatujui tutaipata lini, na jicho halingoji mtu. Yeye anakunja tu leso.

Alhamisi mchana nikafunga cherehani mapema, nikarudi nyumbani. Mkoba ulikuwa mlangoni. Mama amevaa viatu, amekaa kitandani. Lawrence naye alikuwa na siku ya mapumziko, yuko uani amekunja mikono.

Hapo nikakasirika kweli. Nikasimama mbele ya pazia nikapiga kelele.

"Mama! Huendi popote mpaka uniambie. Amekufanya nini?"

Sauti ikatoka nyuma ya pazia, ya mtu aliyeonewa.

"Mtu wako amefuta mchezo wetu."

"Mchezo gani?"

"Drafti. Kwenye hiyo tableti. Nilikuwa na kingi mbili, akaona anapigwa, akafuta."

Nikakumbuka ile "una uhakika?" ya Jumapili.

Kutoka uani Lawrence akajibu, akiangalia ukuta. "Mwambie mama yako asisingizie watu! Mimi nilikuwa na kete nane. Yeye ndiye amefuta!"

Nikakaa chini, pale pale kwenye zulia lenye chai.

Nikauliza taratibu, nyie wawili mnachezaje drafti na hamkutani?

Mama akaeleza. Kumbe tangu jicho la kwanza lipone, asubuhi moja aliona tableti imeachwa wazi juu ya kabati. Lawrence alikuwa akicheza drafti na mashine, anakaribia kuliwa vibaya. Mama yangu aliuza nyanya soko la Mbale miaka thelathini, na wapagazi walimfundisha drafti kwa vifuniko vya soda. Hakuvumilia. Akamsogezea kete moja.

Jioni Lawrence akarudi, akaona ameokolewa. Akafungua mchezo wa watu wawili, akasogeza kete yake, akaacha tableti pale pale.

Basi ikawa hivyo. Asubuhi mama anacheza, jioni mkwe anacheza. Hawaonani, hawagusani, mila haijaguswa. Na mimi niko mjini nashona, sijui lolote.

Nitasema ukweli, wazo la kwanza lililonijia lilikuwa kudanganya.

"Huenda tableti imepata virusi," nikasema.

Nikaangalia mkoba mlangoni. Nikafikiria jicho la mama likizimika kwa sababu ya video za gomesi.

Nikalia. Sio kilio cha adabu, kile cha pua kujaa.

"Ni mimi! Mimi ndiye niliyefuta, Jumapili, nilitaka nafasi. Afande hana kosa. Mama, nakuomba usiende. Nitafanya lolote. Nitakulipia hata vifuniko vya soda!"

Nikapangusa pua kwa kiganja.

Halafu nikasikia kitu nyuma ya pazia. Kama mtu anakohoa, lakini si kukohoa. Mama yangu mzazi alikuwa anacheka. Uani Lawrence amegeukia ukuta, mabega yanaruka.

"Fungua hiyo tableti," mama akasema.

Nikafungua, machozi yananitoka bado. Drafti iko pale! Imerudishwa. Video zangu za gomesi zote sita, hakuna hata moja.

"Tulihitaji nafasi," mama akasema. "Tulijua Malti anazo."

Nikabonyeza gemu, orodha ya mechi ikafunguka.

Sasa sikilizeni. Gemu lile linakuuliza jina la kila mchezaji, na jina unaweza kulibadilisha unavyotaka. Kila mechi inabaki kwenye orodha na majina yake. Watu wengine huandika majina. Hawa wawili walikuwa wanaandikiana barua.

Mama huandika herufi kubwa tupu. Mechi ya kwanza ilikuwa ya Jumatatu jioni, Lawrence alipolirudisha gemu.

NANI AMEFUTA. Upande wa pili: Si mimi mama.

NILIDHANI NI WEWE. Na mimi nilidhani ni wewe.

BASI NI JANEPHER. Ni yeye. Nimeona video.

TUMFANYE NINI. Tununiane mpaka akiri.

NITAFUNGA MKOBA. Mimi nitakataa chakula.

UTAKUFA NJAA. Hapana, nakula rolex mbili kazini, chapati za mayai mawili mawili.

Nilitamani kuwapiga wote kwa kiatu. Siku nne nimekonda, nimemshuku mpaka fundi bomba wa watu! Nikawa natukana na kucheka, huku kidole kinashuka kwenye orodha.

"Janepher, inatosha," mama akasema, na sauti ilikuwa imebadilika. "Rudisha hapo. Usisome huko chini."

Nilikuwa nimeshasoma.

NAOGOPA HILI LA PILI. NATAKA KWENDA KWELI.

Usiende mama. Kesho nitasimama mlangoni.

Na mechi ya mwisho, ambayo ilikuwa bado inachezwa:

HATA NIKIKAWIA.

Hata ukikawia.

Wiki tatu nzima nilikuwa namuuliza kila asubuhi, mama unaogopa? Na kila asubuhi ananijibu, niogope nini, mimi nimezaa saba. Mimi binti yake, niliyemwosha miguu, alinificha. Akamwambia mtu ambaye hajawahi kumwona uso.

Nitasema bila aibu, niliona wivu. Wivu ulinichoma kabisa. Kisha nikaelewa kwamba ule mkoba haukuwa mzaha wote. Nusu yake ilikuwa kweli, na aliyeushikilia usitoke mlangoni hakuwa mimi na kelele zangu.

Nikauchukua mkoba nikaurudisha ndani. Mama alikuwa anavua viatu.

Ijumaa tulifika kliniki saa mbili. Lawrence alikuwa ameomba ruhusa. Alisimama nje ya mlango wa chumba cha upasuaji, amevaa sare kamili, ameupa mlango mgongo. Upasuaji ulitakiwa kuisha saa nne. Ulikawia, foleni ilikuwa ndefu. Saa saba alikuwa bado amesimama.

Muuguzi akamhurumia. "Afande, ingia ukae. Ndani kuna kiti."

"Asante, sista," akasema. "Ndani kuna mama."

Si "mama mkwe". Si "mama yako". Nilikwenda chooni nikalia tena, safari hii kwa adabu.

Jicho la pili nalo likapona. Sasa funzo, maana najua mnalingoja.

Kifaa kikijaa, anza kufuta vyako. Vya wenzako unavyoviita takataka, usivijibie "ninao uhakika" kabla hujauliza. Huenda hapo ndipo mtu anapopumulia.

Na nyie mlionipigia simu kuniuliza gomesi za kwenye video, nendeni kwa Malti. Mimi sina nafasi.