Diski ya Kibet

Najua utasema nimetunga. Sema tu. Mimi si mtu wa mizimu. Nilizaliwa Kisumu, nasali kila Jumapili, na kazi yangu hapa Merigi ni kutengeneza kompyuta. Lakini haya niliyaona mchana, mvua ya mawe ikipiga majani ya chai mpaka wachumaji wakakimbia.

Dukani nina kompyuta kuukuu ambayo watu hunicheka nayo. Siitupi. Ina programu za zamani za kufungua diski za gemu na kutoa faili zilizomo, picha, muziki, sauti. Kompyuta mpya huzikataa kabisa. Ya kale ni dhahabu, hasa kwa fundi.

Basi akaingia kijana amevaa gambuti na aproni ya kuchumia chai, akaweka diski ya gemu ya mpira mezani.

"Boss, hii nilitoa sauti ya mtangazaji nikaweka yangu, kwa Kipsigis, lugha ya kwetu. Nitolee zote uwekee mathe kwa simu. Anakuja saa hii na mtoto."

Kabla sijamuuliza jina, ametoka. Nikaanza kazi.

Programu ilikuwa inamalizia, mama mmoja akaingia kujikinga mvua, mjukuu mgongoni. Nikamwambia kijana wake ameacha diski. Akasema hana kijana. Nikacheza sauti ya kwanza. Niamini, yule mama alikaa sakafuni.

"Huyo ni Kibet wangu," akasema. "Tulimzika kabla ya corona."

Mjukuu alikuwa analia kilio kikavu cha mtoto aliyekataa maziwa. Walikuwa wametoka hospitali, na ugonjwa haukuonekana. Huku kwa Wakipsigis, mtoto akizaliwa, wamama humwitia majina ya marehemu wa ukoo, na jina atakalolipigia chafya ndilo la aliyemrudia. Huyu aliitiwa wengi, asipige chafya. Kibet hawakumwita.

"Tulisema ni kijana tu, hata hajaoa," mama akaniambia. "Tukamruka."

Wewe ungefanya nini? Mimi niliendelea kucheza zile sauti. Kibet alikuwa ameweka watu wa kwao mahali pa wachezaji: babu anatoa pasi, mjomba anakosa penalti. Mtoto analia tu. Mwishowe mtangazaji akajitaja mwenyewe: Kibet, goli. Mtoto akapiga chafya, akanyamaza. Jioni hiyo alikunywa maziwa.

Nilimwekea yule mama sauti zote kwenye simu. Alifurahi sana, maskini. Lakini kila alipozicheza, mtoto alishikwa na homa. Hazikupita siku nyingi, mama akarudi dukani.

"Futa zote, kijana," akasema. "Mtu hawezi kuwa hapa na kule."

Nilimuuliza kama angependa kusikia mara ya mwisho. Akatazama mtoto mgongoni, akakataa. Nikafuta kwenye simu, nikafuta kwenye kompyuta. Diski aliivunja mwenyewe, akilia waziwazi. Nililia pia, sioni haya kusema.

Mtoto sasa anakimbia sokoni, na anaitwa Kibet. Juzi bibi yake aliniambia kwamba sauti ya mwanawe ameanza kuisahau.

Kwa hiyo wewe unayetunza sauti ya marehemu wako, kabla hujaicheza, angalia kwanza kama kuna mtoto nyumbani mliyempa jina lake. Ukiwa naye, itabidi uchague mmoja.