Shikamoo ya Babu

Juzi, kwenye hoteli moja ya watalii hapa Karatu, niliona ukurasa ulioandikwa kwa mkono umetundikwa ukutani kama pambo. Mwandiko niliutambua. Ulikuwa wa shangazi yangu, mchuma kahawa aliyeandika visa vya ukoo wetu wa Singida. Mwenyewe alisema visa hivyo aliletewa na roho ya marehemu babu.

Babu alikuwa akija alasiri, shangazi akishatoka shambani, mikono yake ikinuka maganda ya kahawa mbichi. Shangazi alinusa ugoro, akapiga chafya, sauti ikawa nzito, kisha kalamu ikaanza kukwaruza karatasi. Sisi watoto tulitakiwa kumwamkia babu. Niliamini kabisa kwamba yumo kifuani mwa shangazi, amejikunja, anasubiri salamu.

Siku moja wanafunzi wenzangu walinifuata mpaka nyumbani, wakasimama mlangoni wakichekacheka.

"Mjukuu wangu," shangazi aliita kwa ile sauti nzito, "leo huniamkii?"

Uso ulinichoma. "Shikamoo, shangazi," nikasema.

Kalamu ilisimama.

"Marahaba, mwanangu," akajibu taratibu, kwa sauti yake mwenyewe, akakunja karatasi. Hakuandika tena mpaka alipofariki.

Nilidhani nimemfukuza babu. Leo sina hakika kama babu aliwahi kuwamo, na hapo ndipo aibu inaponizidi, maana niliyemnyamazisha ni shangazi.

"Unamjua aliyeandika?" mhudumu wa hoteli aliniuliza.

Nikasema mwandiko ni mzuri. Alipoondoka niligeuka huku na huku, nikahakikisha hakuna anayesikia, ndipo nikanong'ona, "Shikamoo, babu."